Makasi Shingoni

Binti wa mjane mmoja alikuwa mtengeneza filamu, lakini si zile za watu kupendana na kufukuzana. Yeye alichukua mikanda ya zamani, akaikwaruza kwa sindano, akaipaka rangi kipicha kimoja kimoja, halafu akaianika uani kwenye kamba ya nguo. Mjane alikuwa akiinama na kupita chini yake. Mtoto aliyekulia chini ya meza ya fundi cherehani, akichezea vitambaa vilivyobaki, atakosaje mikono isiyotulia?

Asubuhi moja mjane aliushika mkanda mmoja, akauelekeza kwenye jua. Ndani alikuwa marehemu mumewe, ameinamia cherehani, makasi yakining'inia shingoni. Picha yake pekee inayotembea, na uso wote umejaa bluu.

"Umempaka nini baba yako?"

"Rangi, mama. Huu mwezi wa nne naipaka. Nataka aonekane ninavyomkumbuka."

"Mimi namkumbuka akiwa ameoga."

Binti akacheka, akaenda zake dukani kununua balbu ya projekta.

Mjane akabaki na ule mkanda. Kwa miaka thelathini na miwili alifua kola za mtu yule, na doa lililomshinda halijazaliwa. Akasema bismillahi, akachemsha maji, akatia sabuni, akasugua polepole kwa kitambaa laini. Bluu ikatoka. Akamshukuru Mungu. Kisha ikatoka na nyeusi ya picha yenyewe, ikateleza vidoleni kama utando wa uji, na alipoinua mkanda, mahali pa uso palikuwa peupe.

Binti alimkuta amekaa kwenye kizingiti, mkanda mapajani.

"Nimemzika mara ya pili," mjane alisema. "Kwa mikono yangu."

"Maji ya moto, mama?"

"Ya moto."

Binti alifumba macho. Kisha akauchukua mkanda, akaukausha, akafunga mapazia, akaweka balbu mpya. "Njoo tuone kilichobaki."

Ukutani ikatokea meza. Vikatokea vidole vya marehemu, kidole gumba kile chenye kovu la sindano. Mahali pa kichwa paliwaka mwanga mtupu, ukitetemeka. Mjane alijifuta macho kwa ncha ya mtandio. Vile vidole vikavuta uzi, vikaupeleka juu, juu, mpaka ndani ya ule weupe, na mjane alijua kabisa kinachofuata. Kabla hajajizuia, maneno yakamtoka:

"Wewe mzee! Makasi unayo shingoni, meno ya nini?"

Uzi ukarudi umekatika.

"Anacheka," mjane akasema, akiinyooshea kidole ile nuru. "Hapa alicheka, akaniambia meno hayapotei kama makasi. Na pengo lake lile! Uongo mtupu."

Akageuka. Binti alikuwa ameinua kinasa sauti, taa yake nyekundu inawaka, na machozi yanamfika kidevuni.

"Endelea, mama," alinong'ona. "Halafu akafanya nini?"

Mjane akavuta kiti karibu na ukuta.