Siku Kumi na Tano za Bwana Eddy

Rosette Asukulu alilima mihogo kando ya barabara pale Mboko kwa miaka ishirini na miwili, mingi yake akiwa mjane. Serikali ilipolichukua eneo lile ili kujenga maghala na uwanja wa malori, kila mwenye shamba aliahidiwa shamba jingine upande wa mlimani. Orodha ilipobandikwa, shamba jipya la Rosette lilikuwa limeandikwa kwa jina la shemeji yake Jérémie, ambaye hakuwahi kushika jembe kule Mboko hata siku moja.

Alipeleka malalamiko kwenye ofisi ya ardhi mjini Baraka, na mkuu wa ofisi, Bwana Eddy, akayapokea. Baada ya hapo ikawa miezi kumi na mmoja ya kwenda na kurudi kwa pikipiki. Mara mkuu yuko mkutanoni, mara faili iko Uvira. Siku moja Rosette aliiona faili yake mezani, imewekewa kikombe cha chai juu.

“Ile dosie iko inangoja nini?” aliuliza.

“Iko inangoja mi,” Eddy akamjibu, bila kuinua macho.

Ndipo Rosette alipokwenda mahakamani. Hakimu alimweleza kwamba hawezi kuamua shamba ni la nani kabla ofisi haijajibu. Alichoweza ni kuiamuru ijibu. Akaipa siku kumi na tano kujibu kwa maandishi, baada ya kuwasikiliza Rosette na Jérémie.

Eddy aliisoma amri ile mbele ya makarani wake, akamwambia Rosette kwamba mwanamke anayemshitaki chef, mkuu wa ofisi, asitegemee kupewa kiti. Tangu siku hiyo Rosette alisimama uani kila alipofika.

Siku ya kumi na nne waliitwa, yeye na Jérémie. Jérémie alipewa kiti. Alisema shamba lilikuwa la marehemu kaka yake, na mali ya kaka hurudi kwa ukoo. Rosette alisema shamba alipewa na mama yake kabla hajaolewa, na majirani watatu wako tayari kuthibitisha. Eddy hakuandika kitu. Alitoa kwenye droo karatasi iliyokwisha kupigwa chapa, akaisoma: malalamiko yamekataliwa.

Jérémie akacheka. Rosette alinyoosha mkono.

“Weka muhuri na tarehe ya leo. Unipe kopi.”

Eddy alimwambia aende zake, atatumiwa. Rosette alisema hatoki, na kwamba kesho ni siku ya kumi na tano. Walitazamana kwa chuki hadi karani mmoja akajikohoza. Eddy akagonga muhuri, akaitupa karatasi sakafuni. Rosette aliinama mbele ya wanaume wawili, akaiokota, akatoka bila kuaga.

Alikwenda nayo moja kwa moja kwa hakimu. Sasa palikuwa na uamuzi wa ofisi ambao angeweza kuupinga mahakamani. Tarehe iliyopigwa chapa ilionyesha karatasi iliandikwa siku tatu kabla ya wao kusikilizwa, na hilo peke yake lilimtia Eddy aibu asiyoisahau. Majirani wakaja, wakasema wanachokijua. Baada ya wiki saba mahakama ikaufuta uamuzi ule, na safari hii Eddy alibadilisha jina kwenye orodha ndani ya siku nne.

Rosette alipopanda mlimani kuliona shamba lake jipya, alikuta Jérémie amepita kabla yake. Mihogo iliyopandwa shamba likiwa bado kwa jina lake, na iliyokuwa imeanza kuota, ilikuwa imeng'olewa yote, miche imekatwakatwa vipande vifupi visivyofaa kupandwa tena. Jérémie alikuwa amesimama kwenye mpaka, panga mkononi.

“Umepata udongo,” alisema. “Lakini umepoteza ukoo.”

Rosette alishuka hadi kwa jirani kuomba miche, akarudi nayo kichwani, na akaanza kulima upande ule ule aliosimama shemeji yake, mpaka Jérémie akalazimika kusogea.