Ufunguo Usioimba

Marehemu Silvano, fundi umeme wa magari pale Miyuji, alikuwa na ugonjwa wa solotepu nyekundu. Bisibisi, kikombe, hata mkono wa miwani, vyote alivizungushia, maana gereji ni gereji, na kitu kisicho na alama huhamia mfuko wa mwingine. Mkewe Hilda, fundi mwenzake, alimcheka kwa hilo miaka yote. Sasa hakuwa na wa kumcheka.

Siku alipofungua gereji tena baada ya msiba, kazi ya kwanza ilikuwa Noah iliyowasha taa ya injini. Hilda aliiunganisha na kompyuta, akachomeka kile kidude cha leseni, kinachofanana na flashi, ambacho programu ya kupimia magari haifunguki bila hicho. Kioo kikaandika kwamba ufunguo wa leseni haujapatikana. Akakihamishia tundu jingine. Akazima kompyuta, akawasha. Akapakia upya programu ya kukitambulisha kidude. Wapi! Roho ilimuuma, maana gereji ile ndiyo pekee iliyobaki ya kwao wawili, na bila kipimo angeifunga.

Akampigia Wilbert, aliyewauzia programu. Wilbert akauliza kama kidude kinawaka taa. Hakikuwaka. Basi atazame kama kina mafaili ndani, kwa sababu ufunguo halisi hauonyeshi faili hata moja.

Kilikuwa na mafaili, tena ya nyimbo za kwaya. Hilda akafungua mmoja, na besi ya Silvano ikajaa gereji, besi ile iliyozoea kuchelewa kidogo nyuma ya wenzake. Hilda alilia bila kujificha. Mwenye Noah akajifanya anakagua matairi.

Ndipo alipokumbuka. Siku ya kugawa vitu vya marehemu, kule Gulwe, mama mkwe wake Zipora hakutaka koti wala baiskeli. Aliomba sauti ya mwanawe tu. Hilda mwenyewe ndiye aliyemwekea kiganjani kidude kingine chenye solotepu nyekundu, akidhani ndicho chenye nyimbo. Maskini mama wa watu, alipewa ufunguo usioimba, na muda wote huo hakusema neno.

Hilda alinakili nyimbo kwenye kompyuta, akashika njia ya Gulwe.

Alimkuta Zipora ameketi mlangoni, mikono mapajani, mbele ya redio ndogo ya sola. Ufunguo ulikuwa umechomekwa humo, kitaa chake kinawaka. Hilda akapiga goti, akatoa shikamoo, akaeleza kosa lake.

"Nilijua haiimbi," Zipora alisema.

"Mbona hukuniambia, mama?"

"Ningekuambia, ungekuja kuichukua."

Hilda akachomoa ufunguo, akachomeka flashi ya kwaya. Walisikiliza bila kutazamana. Wimbo ulipokwisha, Zipora alifuta machozi kwa ncha ya kitenge.

"Ni yeye," alisema. "Lakini wimbo una mwisho, mwanangu. Kile kitaa kilikuwa kinakaa na mimi mpaka nizime mwenyewe."

Kisha akauokota ufunguo, akampa.

Kesho yake Miyuji, programu ilifunguka mara moja. Mwenye Noah akasogea. Hilda akamwomba asubiri kidogo, akavuta kiti, akaketi mbele ya kile kitaa, mikono mapajani.