Nyumba Isiyo na Mtu

Hye-rim alikuwa amepiga magoti mbele ya geti la Bibi Ok-rye, akisugua duara jekundu kwa brashi ya waya. Ndiyo alama inayopigwa nyumba zilizohamwa, zinazongoja kubomolewa. Haikutoka. Mwenyewe ndiye aliyeipiga, kwa ustadi wote aliojaliwa.

Kazi yake ni kuzipa nyumba sura inayotakiwa na filamu. Filamu hii ilihusu makabwela wanaofukuzwa kilimani hapa Seoul, na kwa kuwa fedha hazikuwepo, wakaazima nyumba ya Bibi Ok-rye, mpangaji wa mwisho mtaani. Bibi alilala siku mbili kwa dada yake. Hye-rim akang'oa madirisha, akamwaga vumbi. Mwongozaji, Gi-tae, aliapa kurudisha kila kitu siku ya tatu. Siku ya tatu hakuonekana. Madirisha Hye-rim aliyarudisha peke yake.

Sasa mtu wa kampuni ya ubomoaji alikuwa amesimama nyuma yake na barua. Nyumba ni tupu, ilisema, hivyo hakuna mpangaji wa kupewa chumba kwenye majengo mapya. Ushahidi ulikuwa picha ya duara lile, na karatasi yenye sahihi ya Gi-tae.

"Ni rangi ya filamu! Nimepiga mimi!"

"Dada, alama ni alama."

Bibi alitoka kusikiliza, na ndara zake za ndani miguuni. Hye-rim alipiga simu.

"Kaka Gi-tae, uliandika hapa hapaishi mtu?"

"Kibali cha kupiga filamu hutolewa kwa nyumba tupu tu. Ningefanyaje? Nawe ulivyoipamba, hata wabomoaji wameamini!" Alicheka. "Tulia basi, tamasha la filamu limetuchagua."

"Njoo useme ukweli."

"Nikisema, filamu imekufa. Halafu rangi alipiga nani? Mimi?"

Akakata. Kikulacho ki nguoni mwako. Miaka sita Hye-rim alikuwa amemwita huyu kaka. Hakuweza kumtazama bibi usoni.

Mlinzi wa kampuni alikwisha kuvuta mnyororo getini. Alifungua daftari la wageni.

"Bibi, kwenye nyumba tupu haingii mtu bila kuandikwa. Dakika kumi tu. Sababu ya kuingia?"

Bibi Ok-rye alitazama mlango wake, akatazama daftari. Kisha akamsogezea Hye-rim kalamu.

"Niandikie wewe, mwanangu, una mkono mzuri. Andika nakwenda kuepua supu."