Hedifoni za Mzee Elkana

Katika kibanda cha geimu cha Bogonko, pale Suna, kulikuwa na kiti kimoja ambacho wateja hawakukigombania. Kilikaa ubavuni mwa televisheni, na aliyekikalia hakuona mchezo hata kidogo. Aliona nyuso za watazamaji tu. Werema hakuona mchezo wala nyuso. Surua ilimpofusha huko kwao Kehancha kabla hajajua kutembea, na tangu hapo alikuwa ameizoea dunia isiyo na picha, wala hakuwa na manung'uniko makubwa juu yake.

Asubuhi alikanda unga wa chapati katika hoteli ya dada yake Nyangi, mlango wa pili kutoka kwa Bogonko. Alasiri alinawa mikono, akapapasa ukuta hadi kibandani, akaketi katika kiti chake, akaegemeza shavu kwenye spika ya televisheni, akashika padi ya kuchezea na kuanza kupiga watu.

Ulikuwa mchezo wa ngumi na mateke. Wenye macho waliutazama, Werema aliusikiliza. Kila mpiganaji alikuwa na pumzi yake kabla ya kurusha teke, na mguno wake kabla ya kuruka, na nyayo zake zilisikika vingine akija na vingine akirudi nyuma. Werema alizijua sauti hizo zote kama alivyoujua unga ulioingia maji ya kutosha. Bogonko mwenyewe alikuwa ameshapigwa sana, hata akaacha kutafuta visingizio.

Kilichompendeza Werema hakikuwa ushindi peke yake. Siku alizopigwa, alipigwa sawasawa, na aliyempiga alimcheka waziwazi na kuwaita wenzake waje wacheke pia. Kwingineko maisha yake yalikuwa ya kupewa. Mtu kipofu hupewa vitu. Alikuwa amepewa makoti ya watu wanene, viatu visivyolingana, na miwani ya jua mingi kiasi cha kufungulia duka. Kila kitu alikipokea kwa mikono miwili na kushukuru, na hakuna aliyewahi kumuuliza kama kimemfaa. Kwa Bogonko hakupewa kitu. Pale alikuwa adui wa kawaida, na alikithamini cheo hicho kuliko alivyoweza kumweleza mtu.

Basi Mzee Elkana akaingia na wema wake.

Elkana ndiye aliyekuwa mwenye plot yenye vibanda hivyo, muuzaji wa mabati na misumari, mzee wa kanisa la Sabato, mtu wa sauti kubwa na moyo mkubwa zaidi. Siku hiyo alikuja kuangalia paa linalovuja. Akamkuta Werema shavu kwenye spika, mdomo wazi, uso umewaelekea watu, vidole mbio. Akalisahau paa.

"Bogonko, huyu kijana mnamketisha namna gani? Kama mtu anasikiliza ukuta!"

"Ndivyo anachezanga, mzee. Na anatupiga wote. Tunampeleka mashindano Homa Bay."

"Homa Bay? Watu wampige picha amepinda shingo hivyo?" Akamgeukia Werema na kupaza sauti, maana wapo watu wanaoamini kwamba asiyeona hasikii vizuri pia. "Kijana wangu! Utakaa mbele ya TV kama binadamu wengine! Mimi nitakununulia hedifoni!"

"Asante, mzee," Werema akasema. Neno lilimtoka lenyewe.

Hedifoni zikaja Jumapili, zikiwa ndani ya boksi jipya, na nyuma yake wakaja majirani. Elkana aliziombea kwa kirefu. Nyangi alipiga vigelegele. Werema alizipapasa: sponji laini, plastiki isiyo na mkwaruzo, na hakuna waya popote. Aliguswa kweli. Hakuwahi kupewa kitu ambacho yeye ndiye wa kwanza kukivaa.

Kuziunganisha na mashine kukawa shughuli nyingine. Bogonko alibonyeza kitufe mpaka taa ya buluu ikaanza kupepesa, akaitafuta bluetooth kwenye televisheni, akasubiri. Mashine ikaziona hedifoni, ikaandika jina lao vizuri, kisha ikazikataa.

"Inaziona," akasema Bogonko, "lakini inasema haitaki."

"Haitaki nini?" Elkana akauliza. "Si nimelipa?"

Wakajaribu simu ya Nyangi. Ilishika papo hapo, na Werema akapigiwa muziki wa ohangla masikioni bila kuomba. Wakazima simu zote zilizokuwa kibandani, wakaizima mashine, wakaiwasha. Haikutaka. Hatimaye Elkana alimpigia fundi mmoja wa mjini Migori, na fundi akacheka. Mashine za aina ile, akaeleza, hazipokei sauti ya hedifoni za bluetooth hivihivi. Zinahitaji kidude kidogo cha kuchomeka kwenye tundu la USB, nacho ndicho kinachozungumza na hedifoni. Kikaletwa kwa pikipiki. Kilipochomekwa, taa ilipepesa, ikatulia, televisheni ikawa bubu ghafla, na kelele zote za mchezo zikahamia kichwani mwa Werema.

"Imeshika!" Bogonko akapiga kelele, na watu wakashangilia.

Kiti kikahamishwa. Werema akaketishwa mgongo wima mbele ya kioo ambacho hakikuwa na habari yoyote kwake, akapigwa picha, kisha akacheza na Bogonko.

Kuna kitu hakikuwa sawa. Alibonyeza ngumi, na sauti ya ngumi ikafika baadaye. Ilichelewa kidogo tu, kiasi ambacho mwenye macho asingekijali. Lakini ile pumzi ya kabla ya teke sasa ilimfikia teke likiwa limeshatua. Ilikuwa kama kuongea na ndugu aliye Uarabuni kwenye laini mbovu: wewe unajibu swali, yeye ameshauliza jingine. Akapigwa. Akaomba warudie, akapigwa tena, na Bogonko akashangilia kwa mashaka kidogo.

"Utazizoea," Elkana akasema.

"Nitazizoea, mzee."

Hakuzizoea. Elkana akiwa dukani kwake, Werema alizivua, akarudi kwenye spika na kuwachapa wote kama zamani. Sauti ya Elkana ikisikika nje akisalimiana na watu, alizivaa haraka, akakaa wima na kupigwa. Nyangi alikuja siku moja kumletea chai, akayaona yote mawili kwa mfuatano.

"Si umwambie tu?" akasema.

"Nimwambie nini? Kwamba kitu aliniombea mbele ya watu hakinisaidii?"

"Basi Homa Bay utapigwa."

"Nitapigwa."

Alisema hivyo kwa utulivu, lakini chapati za kesho yake zilitoka ngumu na wateja wakalalamika. Werema alikuwa na hasira, na hasira yenyewe haikuwa na pa kwenda. Elkana hakuwa mtu mbaya. Angekuwa mbaya, mambo yangekuwa rahisi. Mahali pamoja tu duniani ndipo Werema hakuwa akipewa kitu, na zawadi ilikuwa imemfuata mpaka hapo.

Mashindano yalifanyika katika ukumbi wa kukodi mjini Homa Bay, Jumapili, kwa hiyo hata Elkana, mtu wa kushika Jumamosi, aliweza kuhudhuria. Harufu ya samaki wa kukaanga iliingia kwa madirisha. Msimamizi alikuwa Celestine, mwanamke wa sauti kavu asiyerudia neno, na bingwa wa mwaka uliotangulia alikuwa Valentine, kijana wa Ndhiwa ambaye watu walimtaja kwa jina moja tu, kama mvua. Elkana alikaa mstari wa mbele, simu tayari kupiga picha. Bogonko alichomeka kidude, taa ikapepesa, televisheni ikawa bubu.

Mpinzani wa kwanza alikuwa Mourine, mwanafunzi wa chuo. Sauti zilichelewa kama kawaida, na Werema akajibanza pembeni, akarusha teke lilelile mfululizo huku akingoja kuangushwa. Hakuangushwa. Mourine alikuwa hodari, lakini kila alipomkaribia alisita, na baadaye aliwaambia wenzake kwamba mikono ilikuwa imemkataa, kwamba haikuwa rahisi kumpiga mtu wa namna ile. Werema akashinda.

Ukumbi mzima ukasimama kumpigia makofi. Makofi yale aliyajua. Ni yale ambayo kanisani hupigiwa mtoto aliyekariri aya akaisahau katikati. Aliona aibu mpaka masikio yakamwaka ndani ya sponji.

"Mmeona?" Elkana alikuwa akiwaambia wa nyuma yake. "Mmeona kazi ya hedifoni?"

Wa pili alikuwa Valentine. Werema alimsikia akivuta kiti, akiketi, kisha akisimama tena.

"Madam, mimi sichezi," Valentine akasema. "Hiyo kitu iko kwa masikio yake ni bluetooth. Inaweza kushika hata simu. Kuna mtu humu ndani anamwambia piga, ruka, rudi nyuma. Si hivyo, angejuaje?"

Ukumbi ukaguna. Mtu mmoja akasema kutoka nyuma, "Omera, ndugu yangu, unaogopa kipofu?"

"Kama ni kipofu, kama si kipofu, sitaki kujua," Valentine akajibu. "Amekuja hapa kunipiga. Atoe hiyo kitu."

Maneno yale yalimwingia Werema taratibu, na yalipofika alifurahi hivi kwamba ilimbidi ainamishe uso. Katika maisha yake yote watu walikuwa wamemwonea huruma, wamemwombea, wamemshika mkono kuvuka barabara ambazo hakutaka kuvuka. Hakuna aliyewahi kulalamika kwamba yeye Werema amependelewa.

Elkana alikuwa ameshasimama. "Aibu! Kijana mlemavu mnataka kumnyang'anya msaada wake? Hamna Mungu?"

"Mzee, kaa chini," Celestine akasema. "Sheria ni moja kwa wote. Hedifoni zitoke."

"Na zitoke nje kabisa," Valentine akaongeza. "Na kile kidude. Na huyo mzee, kwa sababu yeye ndiye anazipigia debe tangu asubuhi."

Celestine akakubali. Werema akazivua hedifoni kwa uso wa mtu aliyefiwa na kumkabidhi Elkana.

"Pole sana, kijana wangu," Elkana akasema, akizipokea.

"Tutafanya nini, mzee. Enda nazo tu. Enda nazo mbali."

Mlango ulipofungwa, aliomba kiti chake kisogezwe. Bogonko alikwisha kukishika. Kikawekwa ubavuni mwa televisheni, sauti ikaongezwa mpaka mwisho, na Werema akaegemeza shavu kwenye spika, shingo imepinda, mdomo wazi, uso umewaelekea watu wa Homa Bay. Wengine walicheka. Alisikia simu zikipiga picha na hakujali.

Valentine hakusita kama Mourine. Alikuja moja kwa moja, akampiga mateke ya chini, akamrusha, akambana kwenye kona na kummaliza, kisha akagonga meza kwa furaha. Duru ya kwanza ikawa yake. Werema alikuwa anatabasamu. Pumzi zilikuwa zimerudi mahali pake, mbele ya mateke, na sasa alikuwa ameshamsikiliza Valentine vya kutosha: kila alipotaka kuruka alirudi nyuma hatua mbili, na zile nyayo zake zilimsema. Katika duru ya pili, kila aliporuka alikuta ngumi hewani ikimngoja. Akaacha kuruka. Akaja kwa miguu, na Werema akamsikia akija.

Duru ya tatu watu hawakucheka tena. Ilikwenda huku na huku, Valentine akitukana kwa Kidholuo chini ya pumzi, Werema kimya, shavu limeganda kwenye plastiki, mpaka wote wawili wakabakiwa na uhai wa pigo moja. Valentine akasimama tuli. Lilikuwa jambo la akili; aliyetulia hana sauti. Werema naye akatulia. Kisha spikani ukatoka mguno mdogo, na kabla haujaisha Werema alikuwa ameshabonyeza.

Hakuna aliyempigia makofi ya kanisani. Zilizuka kelele, nusu ya watu wakishangilia na nusu wakibisha, na juu ya zote ikasikika sauti ya Valentine.

"Haiwezekani! Huyu ako na kitu! Akaguliwe masikio! Kuna ingine ndogo ameficha ndani!"

"Valentine, umeshindwa," Celestine akasema.

"Akaguliwe!"

Celestine akaomba tochi ya simu. Wakati huohuo mlango ukafunguka kwa kishindo na Elkana akaingia, hedifoni zikiwa zimening'inia shingoni, maana kelele zilikuwa zimemfikia huko nje na akadhani Werema anapigwa ngumi za kweli.

"Mwacheni!" akapaza sauti. "Mwacheni, jamani, ni kipofu!"

"Mzee," Werema akasema, bila kupaza sauti yake, "waache. Wanikague vizuri."

"Lakini wanakudhalilisha, kijana wangu. Na hata hedifoni walikunyang'anya. Umeshindaje bila hedifoni?"

Mkono wa Celestine ulikuwa umekwisha kumshika kichwa, tochi ikipasha joto ndewe ya sikio lake la kushoto. Ukumbi wote ulikuwa umesimama kuchungulia. Wiki nzima Werema alikuwa ameogopa kulisema jambo lile, na sasa hakukumbuka kwa nini.

"Zinachelewesha sauti, mzee. Tangu siku ile ya kwanza."

Elkana akashika hedifoni shingoni mwake. "Na hukuniambia?"

"Sasa nimekuambia."

"Hapa hakuna kitu," Celestine akatangaza.

"La pili!" Valentine akafoka. "Angalia na la pili!"

Werema akageuza kichwa, akampa Celestine sikio la kulia.