Mnyama wa Nne

Khai alikata roho alfajiri ya Jumatano, na ilipofika saa nne asubuhi nyumba yetu ilikuwa na wazee wawili wa ibada, kila mmoja na kitabu chake kwapani.

Kosa lilikuwa langu pia. Nilikuwa nimemuuguza miezi minane, na alipotulia nilikaa tu kwenye kiti kando ya kitanda. Nilisema, "Amekwenda," bila kuagiza aitwe nani. Wengine wakafanya walichojua. Wifi yangu Phan, dada yake Khai, alipiga simu kwenye jumba la ukoo wao hapa Cho Lon, mtaa wa Wachina, na kumwita Mzee Lo, aliyewazika wazazi wao. Mama yangu, aliyekuja kutoka Ben Tre kunisaidia kuuguza, alimtuma binti yangu Quyen mtaa wa nyuma kwa Mzee Tuat. Hakuna aliyemuuliza mwenzake. Wifi ni Mchina wa Cho Lon tangu babu zake, mama ni Mvietnamu wa mashambani, na kila mmoja aliona hapana njia nyingine ya kumzika mtu.

Wazee wenyewe hawakushtuka. Walikuwa wakikutana misibani kwa miaka thelathini.

"Bado hujafa, bwana?" Mzee Lo aliuliza.

"Nakungoja wewe utangulie, nikufanyie bei nzuri," Mzee Tuat alijibu, akavuta kiti.

Quyen aliwaletea chai. Walifungua vitabu vyao, wakahesabu kwa vidole, na wakakubaliana haraka kwamba jeneza lifungwe saa ya Tumbili, kuanzia saa tisa alasiri. Saa zao ni zilezile. Miaka yao ni ileile kumi na miwili, kila mmoja na mnyama wake, inazunguka kwa mpango uleule. Wanachotofautiana ni wanyama watatu. Quyen, aliyezaliwa 1997, shangazi yake humwita Maksai na bibi yake humwita Nyati, na hilo halijawahi kuwagombanisha, kwa kuwa wote wawili wanalima. Wifi Phan kwao ni Kondoo na kwetu ni Mbuzi, na mama hulikumbuka hilo kila anapokasirika naye. Mnyama wa nne ndiye wa taabu. Kwa Wachina ni Sungura, kwetu ni Paka. Khai alizaliwa 1963, katika mwaka wa mnyama huyo, na amekufa mwaka wa mnyama huyohuyo, akiwa na miaka sitini.

Mzee Lo alichukua karatasi ya njano akaandika kwa brashi jina la mnyama mmoja: Jogoo. Mzee Tuat aliandika kwa kalamu ya wino wanyama wanne: Panya, Farasi, Paka, Jogoo. Hao ndio wanaopaswa kutoka nje kifuniko kinapofungwa, maana miaka yao inagongana na wa marehemu. Anayebaki, wanasema, ugonjwa humfuata nyumbani, naye marehemu huenda na miguu mizito.

Mimi ni Panya.

Nilisoma karatasi ile ya pili nimesimama, mkono ukiwa kwenye meza. Miguu ilikuwa ikiniuma tangu Jumapili.

Wiki tatu kabla, Khai aliniomba jambo moja tu. Baba yake alikufa yeye akiwa na miaka kumi na mmoja. Baba alikuwa Jogoo, na kwa vitabu vyote Jogoo na mnyama wa nne hawaonani, kwa hiyo walimtoa Khai wakamsimamisha uso ukutani mwa nyumba ya jirani. Alisikia misumari. Hakuona chochote. Kwa miaka mingi baadaye alikuwa akiangalia migongo ya wanaume sokoni, akidhani labda baba alitoka kabla ya kifuniko kuwekwa na hakuna aliyetaka kumwambia.

"Mama Quyen," aliniambia, "wakinifunga, wewe usiende popote. Uone kwa macho yako. Ukishaona, basi."

"Nitaona," nilimjibu.

"Sema tena."

Nikasema tena.

Sasa karatasi mbili zilikuwa mezani kando ya birika, na kwa moja ningebaki, kwa nyingine ningetoka.

"Hii ndiyo ya kubandika mlangoni," wifi alisema, akaichukua ile ya njano. "Kaka yangu alikuwa Sungura. Sungura na Panya hawana ugomvi. Mke atasimama kwa mumewe."

"Irudishe," mama alisema. Alikuwa ameketi kwenye mkeka, akikunja vitambaa vyeupe vya kichwani. "Thoa ni Panya. Panya hasimami mbele ya Paka. Akiwa hai nilisema, sasa amekufa ndiyo kabisa."

"Mama Thoa, paka hayumo kabisa kwenye hesabu. Siku ya wanyama kuitwa kugawiwa miaka alilala, panya hakumwamsha. Hakufika!"

"Kwenu ndiko alikolala. Kwetu alifika."

"Vitabu vimetoka kwetu, mama."

"Na mpunga mnaokula umetoka kwetu. Nani anafuga sungura kwenye majaruba? Sungura atakamata nini? Tangu wameoana nimenyamaza miaka thelathini na minane."

"Ulinyamaza lini?" wifi akauliza.

Mzee Tuat alikohoa ndani ya kikombe chake. Nadhani alikuwa anacheka.

"Mbuzi wewe," mama alimwambia.

"Kondoo," wifi alisema.

Kwa kweli mama hakunyamaza. Tulipotaka kuoana alisema paka atanila. Mama mkwe alisema sungura hali nyama, akaleta kuku wawili wa posa, na mambo yakaisha hivyo, au yalionekana kuisha. Khai hakuwahi kuchagua. Kwa mama yake alikula keki za Mwaka Mpya kama Sungura, siku ya tatu tukapanda basi kwenda Ben Tre na huko akawa Paka, akamlamba mama yangu mkono ili kumchekesha. Mwaka huu aliletewa kalenda mbili, ya duka la dhahabu ikiwa na sungura na ya benki ikiwa na paka, akaniambia nizitundike zote mbili. Nilipokuwa namwamsha kumeza dawa alikuwa akisema, "Leo panya ameniamsha," kisha anafumba macho tena.

Mama aliacha vitambaa, akaniangalia.

"Njoo hapa."

Nilienda nikapiga magoti. Alinishika mkono juu ya kiwiko, vidole vyake vikazunguka vikakutana.

"Hebu tazama mkono huu. Wakati wa Mwaka Mpya ulikuwa mkono wa mtu. Miezi minane hujala, hujalala, nywele zimeanguka. Unaniambia paka hakukula? Amekula, mwanangu. Simlaumu, alikuwa mtu mwema. Lakini amekula, na kilichobaki kidogo nakitaka mimi. Nina miaka themanini na minne. Sitaki kukuzika wewe mwakani."

Wifi alikuwa ameshika karatasi ya njano kifuani, na macho yake yalikuwa mekundu. Yeye naye alitaka nibaki kwa ajili ya kaka yake, maana alikuwepo siku ile alipogeuzwa ukutani. Yeye ndiye aliyemshika mkono.

Quyen akasema, "Bibi, baba alimwomba mama mwenyewe."

"Mgonjwa huomba mengi," mama akajibu. "Hata maziwa aliomba, tukampa, akayatapika."

Mzee Lo alifunga kitabu chake. "Sisi saa tumekubaliana," alisema. "Mimi nikibandika yangu, huyu mwenzangu anakosa kazi. Akibandika yake, mimi nakosa heshima kwenye jumba la ukoo. Tutaimba wote wawili, hilo si tabu, tumeshafanya. Nani atoke, si letu."

"Ni la nani?" wifi aliuliza.

"La aliyeishi naye," Mzee Tuat alisema. Akanigeukia. Sauti yake ilikuwa ya upole, ya mtu anayeuliza kipimo cha nguo. "Mama, humu ndani, mlango ukishafungwa, mumeo alikuwa nani? Paka au Sungura? Useme wewe, sisi tutaandika."

Wote waliniangalia. Mbu alikuwa ametua kwenye kidole changu na sikuwa na nguvu za kumfukuza.

Humu ndani alikuwa mtu aliyekuwa akivua viatu ovyo, nikavikwaa. Alikuwa akikoroma. Kama angekuwepo angesema jambo la kuwafurahisha wote wawili, na mimi ningeenda jikoni kukata mboga. Nilimkasirikia kidogo kwa hilo. Miaka yote ile aliacha jambo lipite, sasa limekuja kunikuta mimi peke yangu, siku nisiyoweza hata kusimama vizuri.

Ningesema Paka, ningetoka, na mama angelala usingizi. Khai asingejua. Mimi ndiye ningejua. Ningeanza nami kutazama migongo sokoni.

"Sungura," nilisema.

Wifi akaanza kulia kwa sauti. Mzee Tuat alikunja karatasi yake mara mbili akaitia mfukoni, bila chuki, akamalizia chai.

Kwa orodha hiyo hata mama angeweza kubaki, kwa kuwa yeye naye ni mnyama wa nne, wa mwaka 1939. Lakini yeye ni Paka, na alijiona Paka. Saa tisa kasoro alisimama, akaomba fimbo yake. Aliniita mlangoni. Alifungua mkoba wake mdogo, akatoa vitunguu saumu vitatu ambavyo vilikuwa vimeshamenywa, akavitia katika mfuko wa joho langu la msiba, kimoja kimoja. Kisha akavifinya kwa nje ya kitambaa hadi harufu ikatoka, jinsi wanavyofanya kwetu ili pumzi baridi ya maiti isimwingie mtu.

"Hukunisikia ulipokuwa na miaka ishirini na mitano," alisema. "Leo ungenisikia kwa nini?" Akatoka na Quyen amemshika.

Nilisimama upande wa kichwa. Walikuwa wamemjaza majani ya chai kavu pembeni ili asisogee. Shati la bluu lilikuwa limefungwa kifungo cha juu, ambacho hakukipenda, nikakifungua, na hakuna aliyenizuia. Uso wake ulikuwa mdogo. Nilikuwa nimepanga kumwambia jambo, na wakati ulipofika sikulikumbuka. Mzee Lo aliimba kwa Kichina, Mzee Tuat akapiga kengele. Wanaume wanne wakainua kifuniko. Nilimwona mpaka pakabaki upenyo wa kidole, kisha pasibaki kitu. Misumari ilikuwa minne. Niliihesabu. Hakuna mtu aliyetoka mle.

Sikuhisi ugonjwa wala amani.

Nilitoka nje. Mama alikuwa ameketi kwenye kiti cha plastiki chini ya turubai, ameupa mlango mgongo, uso wake ukielekea ukuta wa duka la jirani. Kulikuwa na joto zito la kabla ya mvua. Quyen alimpepea kwa kipande cha boksi.

"Wamemfunga?" aliuliza bila kugeuka.

"Wamemfunga, mama."

"Ulimwona?"

"Nilimwona."

"Yumo?"

"Yumo."

Aliitikia kwa kichwa taratibu. Aliweka mkono mfukoni mwangu, akahesabu vitunguu saumu kwa vidole, akaviacha humo.

"Kwangu mimi ni Paka," alisema.

"Najua."

"Haya. Kuna beseni la maji ya majani ya balungi pale, nawa uso, halafu uji uko kwenye sufuria. Kula kwanza. Watu wa pole wataanza kuja saa kumi na moja."

Nilinawa. Quyen alinisogezea kiti kingine, na bakuli la uji likaja, na nilikula vijiko vitatu au vinne nikiwa nimeegemea bega la mama. Sikumbuki kulimaliza. Wananiambia nililala palepale nimeketi, kijiko mkononi, mvua ikanyesha juu ya turubai na kukatika, na kila aliyekuja kutoa pole mama alimwashiria anyamaze, kidole mdomoni.