Wimbo Alioombwa Rukiya

Rukiya hakupewa hata kiti. Kasimama ofisini Al Qusais, huko Uarabuni, miguu imevimba kwa arusi ya jana, na kiyoyozi chamvumia kooni, koo lile lile linalolisha mama yake na wanawe wawili kule kwao Kibokoni. Mbele yake kakaa Madam Shadia, mwenye bendi ya wanawake na mwenye viza yake.

"Nani alikutuma uimbe ule uchafu?"

"Bibi arusi mwenyewe, madam."

Na ni kweli, jamani. Arusi za kule wanawake huwa peke yao, na simu hukusanywa mlangoni, za waimbaji ndizo za mwanzo. Rukiya alianza vizuri tu, anausifu ukoo wa bwana arusi kama alivyofunzwa. Mara bibi arusi, Sumeiya, huyo mpaka jukwaani. Ataka ule wimbo mpya wa wasichana wa Kiamazigh, wale wa milimani Moroko, wanaowaambia baba zao mume tutachagua wenyewe.

"Madam kanikataza, habibti."

"Arusi yangu ama ya madam wako? Yalla, imba!"

Akaimba. Weee! Wasichana wote juu, nywele wamezimwaga, wanaitikia mpaka mwenyewe hajisikii. Bibi arusi machozi ya furaha yamtoka. Wamama wakubwa wamekunja nyuso. Kumbe msichana mmoja, wa zile familia zisizopekuliwa, ana simu mkobani, karekodi yote. Kufika asubuhi mji mzima umeona, na mama mkwe amechachamaa.

"Mpigie Sumeiya, madam. Nakuomba."

Madam akapiga, akaweka spika.

"Yule Mwafrika?" Sumeiya akajibu, na nyuma yake mama mkwe alisikika akifoka. "Alianza mwenyewe. Sisi tulishtuka."

Rukiya akafungua mdomo. Madam akamwinulia kidole.

"Khalas. Viza nimeifuta. Dereva Sowedi yuko na gari chini, akupeleke uwanja wa ndege."

"Na arusi ya Ijumaa, madam? Nani ataimba?"

Madam akacheka. "Wewe. Si tulikurekodi mazoezini? Sauti haitaki viza."

Rukiya akatoka. Chumba cha mazoezi mlango wazi. Damaris, msichana mgeni kutoka Kakamega, asiyejua Kiarabu hata neno, kasimamishwa mbele ya kioo, anafungua mdomo na kuufunga. Sauti inayotoka ni ya Rukiya.

"Fungua zaidi," anaambiwa. "Na ucheke. Waone umefurahi."