Mwendo wa Bibi

Miaka kumi na moja nimekula vumbi la penseli kwenye studio ile ya katuni, na bado mchoraji mkuu akinitambulisha kwa wageni husema mimi ni "mjaza katikati". Tulimwita Kalamu, kwa kumkebehi, maana kuishika kwake ni kwa nadra. Yeye huchora picha mbili za mhusika wetu mkuu: Bibi yuko mlangoni, Bibi yuko kitini. Zile ishirini na mbili za kati, zinazomfanya Bibi atembee, nazichora mimi.

Na mwendo ule sikuubuni. Ni wa mama yangu mzazi: kiganja kinagusa ukuta kwanza, ndipo mguu unafuata, na kisigino cha kushoto kinachelewa. Watoto wanauigiza shuleni. Mama naye kila Jumamosi huvaa miwani yake na kusubiri majina yanayopita mwishoni mwa kipindi. Nilimwahidi kuwa msimu huu langu litakuwemo, kwa kuwa Kalamu aliniahidi hivyo. Mjinga ni mimi.

Kipindi cha kwanza kikaisha, maandishi yakapita: "Mwendo wa Bibi", na mbele yake jina la Kalamu. Mama akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Nilimchukia yule mtu mpaka meno yakaniuma.

Jumatatu nikamfuata mezani kwake. Hata uso hakuinua.

"Dada, mawazo ni yangu. Wewe unajaza nafasi tu, na nafasi haina jina."

Haya. Dawa ya moto ni moto. Nikachukua picha zake mbili za kipindi tulichokuwa tukikiandaa, nikazipeleka kuunganishwa vilevile, bila kuongeza hata mstari.

Alhamisi wakubwa wa kituo cha televisheni wakaja kukitazama. Bibi yuko mlangoni. Kufumba na kufumbua, yuko kitini. Mmoja akacheka. Mkubwa wao akaomba kirudishwe nyuma, akatazama tena, kisha akauliza Bibi huwa anatembezwa na nani.

Chumba kizima kikanigeukia. Kalamu aliona. Alitakiwa kutaja jina moja tu, na analijua vizuri. Akakohoa.

"Tumeamua kubadilisha," akasema. "Bibi kazeeka. Kuanzia sasa atakuwa anakaa."

Wakakubali palepale, maana mtu aliyekaa hana kazi kumchora. Mimi nikahamishiwa kwenye kuchora majani.

Wiki chache baadaye kipindi kile kikarushwa. Nilikaa na mama kwenye kochi. Bibi aliongea, akacheka, akakemea wajukuu, yote kitini. Majina yakapita, langu halimo. Mama alikuwa anajisugua goti la kushoto.

"Mwanangu, kwani Bibi kaugua?"

"Hajaugua, mama," nikamjibu. "Wamemkalisha."